Fungu la Mtani

Niliingia msibani kwa Chedego nikiwa na matusi mdomoni na uzi wa kupimia ndani ya mkono wa gauni.

"Yuko wapi huyo mvivu?" nikauliza tangu getini. "Naambiwa kalala mchana kweupe na pofu wana kiu."

Watu chini ya turubai wakacheka. Akina mama waliokuwa wakilia mkekani wakafuta machozi na kucheka nao, na Mzee Malogo, kaka wa marehemu, akajipiga paja akasema wapagazi hao wamefika, ficheni masufuria. Ndivyo tunavyozikana. Sisi Wanyamwezi ni watani wa Wagogo tangu babu zetu walipokuwa wakikatiza nchi yao kavu na mizigo ya wenyewe kichwani, na mtani haingii msibani kwa unyenyekevu. Anaingia kwa fujo, anazuia jeneza, anamsema maiti mpaka mjane acheke, na chochote atakachochukua siku hiyo ni halali yake. Ukimkasirikia, faini ni juu yako.

Na mtani haamkii. Mimi Nyamizi Lugusha nimekuwa daktari wa pofu, wale swala wakubwa wa ranchi, hapa Nghulwi tangu nywele zangu zikiwa nyeusi, na sijawahi kumpa Mzee Malogo shikamoo hata moja, ingawa ni rika la baba yangu. Namuuliza tu kama bado hajafa, naye ananiuliza kama nimeshapata mume asiyekimbia. Ningempa shikamoo, angenipeleka zahanati.

Pofu wenyewe walikuwa wamejipanga nyuma ya uzio, wakubwa, shingo zikining'inia, kila mmoja na kola yake. Zamani hapa palikuwa na ng'ombe. Ukame uliwamaliza, ranchi ikaleta pofu, maana pofu hupata maji yake kwenye majani na huishi pale ng'ombe anapoacha mifupa. Kola husema hali ya mnyama kwa sauti ya kike yenye adabu, ili mchungaji asihangaike. Ile ya Mkoloni, pofu wa Chedego mwenyewe, ilikuwa ikirudia maneno yaleyale katikati ya nyimbo za kanisa. Ana kiu. Ana kiu. Mtu mmoja akaenda kumjazia ndoo, Mkoloni akainywa yote, na kola ikaendelea.

Wengi walikuwa na kiu siku hizi. Mnyauko huanza hivyo. Mnyama anakunywa bila kutosheka, masikio yanalegea, mate yanamtoka, anakonda huku anakula. Tulishauzoea. Sheria ilisema pofu aliyeanguka achomwe na anayetembea aliwe, kwa sababu mnyauko haumpati binadamu. Lilikuwa limethibitishwa hilo, na watu wenye mashine kubwa kuliko yangu.

Ila Chedego alikufa mwembamba mno, naye alikuwa mtu wa kula. Alianza kwa kumimina chai pembeni ya kikombe. Nilikuwepo. Nilimcheka, nikamwambia pombe ya uwele imemla macho, akacheka na yeye, akamimina tena pembeni. Baadaye akawa anatembea na miguu imepanuka, kichwa chini. Kisha akawa hashibi maji. Mwishoni alisahau majina ya pofu aliowazalisha kwa mikono yake, na zahanati ikasema ni pombe na umri, wakati hajafika hata sitini.

Kwa hiyo nilikuwa na kazi mle ndani. Walipofungua jeneza watu waage, nikawasukuma wazee, nikakaa kwenye kigoda kando ya kichwa chake.

"Huyu hajafa," nikawatangazia. "Mgogo hafi siku ya kazi. Anajifanya. Ngojeni nimtekenye pua, mtaona atakavyopiga chafya."

Chumba kizima kikacheka. Nikainama, nikaupitisha uzi puani mwake, mbali, hadi pale ambapo pua inapakana na ubongo, nikauzungusha polepole huku nikimwambia amka, amka we mvivu. Nikautoa na kuurudisha kwenye mkono wa gauni. Hakuna aliyenizuia. Hakuna mtu mwingine duniani ambaye angeruhusiwa kufanya vile mbele ya mjane, na mimi nilifanya huku wananishangilia. Nilijisikia vibaya sana, tena palepale, sikungoja kufika nyumbani.

Mjane wake, Mama Mwendwa, alicheka na wenzake, kiganja mdomoni. Lakini macho yake yaliufuata mkono wa gauni langu hadi nilipotoka kwenda kudai ugoro wa kufungulia njia jeneza.

*

Maabara yangu ni chumba kimoja pale ranchini, na kitu cha maana ndani yake ni mtungi. Tunauita hivyo kwa umbo lake tu, ni mashine. Ndani yake kuna maji yenye protini njema, ileile iliyomo kwenye ubongo wa kila mnyama na kila mtu.

Mnyauko hauletwi na mdudu. Hakuna kirusi, hakuna bakteria, hakuna kitu chenye uhai ambacho unaweza kukiua. Ni hiyohiyo protini yako mwenyewe iliyojikunja vibaya, na ikishajikunja inazikunja na zile za jirani zifanane nayo. Hamira kidogo, donge zima linaumuka. Ukiichemsha kutwa haifi, maana haikuwa hai. Ukiimwaga inakaa udongoni miaka na miaka, inapanda na majani, mwingine anaila. Nyama ya paja inayo kidogo. Kichwani na kwenye uti wa mgongo ndiko kwao. Na kwa mtu, kama ingekuwepo kwa mtu, ingeweza kulala miaka kumi na tano kabla hujamwaga kikombe cha kwanza cha chai.

Kama ingekuwepo. Makao makuu walikuwa na jibu lao. Walikuza vijibongo, yaani vipande vya ubongo wa binadamu vinavyooteshwa kutoka kwenye ngozi, vidogo kama kunde, vinaelea kwenye chupa zenye joto. Walivilisha mnyauko mwaka hadi mwaka na havikudhurika. Niliviona mwenyewe, safi, vinang'aa. Karatasi ya kuruhusu nyama ilitoka hapo. Hakuna aliyeuliza kijibongo cha chupani kimekula supu ya kichwa mara ngapi tangu utoto, au kimezeeka lini.

Nilidondosha maji ya uzi wa Chedego kwenye mtungi, nikakaa. Protini njema ikianza kujikunja vibaya, mstari kwenye kioo hupanda; ulilala kwa muda mrefu kiasi kwamba nilianza kupumua. Kisha ukapanda. Nikarudia kwa uzi mwingine msafi, mstari ukalala mpaka mwisho. Nikarudia wa Chedego, ukapanda tena. Nikauambia mtungi ulinganishe mkunjo huu na mkunjo wa pofu, na mtungi ukasema ni uleule.

Nililia. Nililia kwa sauti, na sikuwa naililia sayansi. Nilikuwa namlilia mtu aliyenifundisha kumshika ndama wa pofu bila kupigwa teke, na nilikuwa najililia, maana kila msiba wa Nghulwi tangu nifike nimepewa kichwa. Kichwa ndilo fungu la mtani.

Dokta Swebe, mkuu wangu, alinisikiliza kwenye simu bila kunikatiza. Si mtu mbaya. Ningependa awe mbaya, ingenirahisishia. Aliuliza sampuli niliipataje, nikamweleza, akasema kwa upole kwamba hiyo haiwezi kupokelewa. Pua si ubongo, na kilichochukuliwa bila ridhaa ya familia sheria haikitambui. Kama mjane ataridhia kaburi lifunguliwe, mambo yatakuwa mengine.

Nikamwambia watoto wanakula nyama ile shuleni kila wiki. Nikamwambia wale ambao tumeshakula basi tena, lakini kuna ambao hawajaanza hata kutafuna.

"Nyamizi," akasema, "wilaya tatu zinaishi kwa pofu. Nikiwaondoa kesho, kesho kutwa nitawazika watoto haohao kwa njaa, na hao nitawaona kwa macho yangu. Nitajie dawa, nitafunga ranchi leo. Nitajie hata chakula."

Sikuwa na dawa. Chakula nilitaja, nikataja uwele, kunde, mlenda, na wote wawili tulijua ukame umebakiza nini cha hivyo. Akaniambia nipumzike. Alisema pia, kabla hajakata simu, kwamba yeye mwenyewe hajala pofu muda mrefu, ni tumbo tu linamsumbua.

*

Siku ya kuondoa matanga nilijihimu kwenda kumzuia Mkoloni asichinjwe. Nilikuta kola yake imetundikwa kwenye msumari wa mlango, kimya, na nyama iko jikoni.

Nilimtafuta Mwendwa kwanza. Ndiye binti pekee wa Chedego, na alikuwa na mimba kubwa, amekaa kwenye mkeka na wenzake akichambua mlenda. Nikauliza kama ameonja. Akasema mama amemkataza kusogelea moshi. Nikashukuru Mungu, nikaenda kusimama katikati ya uwanja.

Nilisema yote. Nilisema Chedego ameuawa na mnyauko, na kwamba nimeuona kwa mtungi wangu. Nilisema uko kwenye nyama ile jikoni na hautoki kwa kuchemsha. Nikawaomba wasile, na zaidi ya yote wasiwape watoto.

Kilikuwa kicheko cha nguvu. Mzee mmoja alishika fimbo asianguke. Mzee Malogo akasimama, akanionyesha kwa kidole, akawauliza watu kama wamewahi kumwona Mnyamwezi mwenye tamaa namna hii. Mwaka jana alidai paja, akasema, mwaka huu anataka pofu mzima, tukimbie tumwachie sufuria! Watu wakapiga vigelegele. Nikasema si utani. Wakacheka zaidi, kwa sababu mtani mzuri husema hivyo. Nikalia, machozi ya kweli yakinishuka, na mama mmoja akamwambia mwenzake huyu anajua, tazama hata machozi anayo.

Bibi yangu kule Sikonge alikuwa akisema mzaha mzaha hutumbuka usaha. Nilikuwa nimeuiba ukweli kwa mzaha, sasa nilikuwa nataka kuurudisha kwa heshima, na hakuna aliyekuwa tayari kuupokea.

Basi nikafanya kitu ambacho sijawahi kufanya. Nikamwendea Mzee Malogo alipokuwa amesimama, nikapiga magoti kwenye vumbi, nikainamisha kichwa.

"Shikamoo, baba," nikasema.

Uwanja ulinyamaza. Nilidhani nimefika. Kisha Mzee Malogo akatupa kichwa nyuma akacheka mpaka akakohoa, akasema kwa taabu kwamba sasa hii ndiyo ya mwisho, hii haijapata kutokea tangu ukoloni, Mnyamwezi ameamkia nyama! Uwanja mzima ukaidaka. Shikamoo baba, shikamoo paja, shikamoo supu. Watoto wakaanza kupigiana magoti wao kwa wao wakianguka kwa kucheka.

Mtu mmoja tu hakucheka. Mama Mwendwa alikuwa amesimama mlangoni mwa jiko, mwiko mkononi, ananitazama nilivyopiga magoti. Alinipa ishara kwa kichwa, nikainuka, nikamfuata.

*

Jikoni kulikuwa na moto mkubwa na sufuria mbili. Kwenye ile ndogo palikuwa na kichwa. Akanisogezea kigoda, yeye akabaki amesimama, akaanza kukoroga kama vile niliingia kuomba chumvi.

"Ulimchukua nini puani siku ile?" akaniuliza.

Nikamwambia. Nikamwambia na mstari ulivyopanda. Nikamwomba radhi, na safari hii nikamwita mama, ingawa tumepishana miaka michache tu. Alisikiliza bila kuacha kukoroga, kisha akasema alishajua. Alijua tangu siku alipomkuta mumewe ameinamia pipa la uani anakunywa kwa mdomo, huku kola ya Mkoloni upande wa pili wa uzio ikisema ana kiu. Alisimama pale, akasema, akawatazama wote wawili wanakunywa.

Nikamuuliza kwa nini hakuniambia.

"Ungenipa nini?"

Nikamweleza habari ya ridhaa. Kwamba akikubali kaburi lifunguliwe, makao makuu watalazimika kusikia, na labda, sikusema hakika, labda watoto watakaozaliwa watakuwa salama. Aliweka mwiko chini. Akaniambia nifikirie vizuri ninachomwomba. Siku mume wake akiandikwa kuwa ndiye mtu wa kwanza, Nghulwi itakuwa ndiyo mahali. Wakwe wa Mwendwa watamrudisha na mimba yake. Watu wa mjini hawatashika mkono wa mtu wa hapa, wala hawatanunua hata mkaa wetu. Na pofu watachomwa, na sisi, akasema, tutabaki tunangojana nani ataanza kumwaga chai. Sasa hivi tunakufa mmojammoja na tunacheka. Unataka tufe wote pamoja kabla hatujafa?

"Na watoto?" nikasema. "Mama Mwendwa, na hao watoto huko nje?"

Hapo alikaa. Alikaa chini kabisa, kwenye majivu, na kanga yake ya msiba. Akaniuliza kama mtoto aliyeko tumboni anaweza kuupata kwa mama yake. Nikamwambia sijui. Kwa pofu imeonekana, nikasema, kwa watu hakuna aliyewahi kutazama, kwa sababu kwa watu ugonjwa haupo. Akauliza kama Mwendwa anao. Nikamwambia uzi ninao kwenye mkoba, nikimpima leo nitajua kesho.

"Na wewe umejipima?"

"Hapana."

"Kwa nini?"

Mtungi uko mezani kwangu na nyuzi ziko kwenye droo. Ninaamka naupita, narudi naupita. Nikamwambia ninaogopa, na kwamba nikijua sitaweza kufanya kazi tena. Akatikisa kichwa taratibu. Hakunicheka.

"Basi mwache mwanangu azae bila kujua, kama wewe unavyoishi bila kujua," akasema. "Mtoto akizaliwa, njoo uniulize habari ya kaburi. Ukinikuta na akili zangu nitakujibu."

Aliinuka akajifuta majivu, akatoka uwanjani, nami nikatoka nyuma yake. Akapaza sauti akawaambia watu kwamba marehemu aliacha usia. Alisema Mwendwa na watoto wote wa ukoo wasiile nyama ya Mkoloni, maana alimlea kama mtoto wake. Usia haupingwi, kila mtu anajua. Kwa pumzi moja niliona mlango umefunguka, na nilimheshimu mwanamke yule kuliko mtu yeyote niliyewahi kukaa naye darasani.

Lakini Mzee Malogo alikunja uso. Alisema kwa huruma, kama mtu anayemwelewa mjane. Usia kwa Mwendwa aliuamini, mwenye mimba ana miiko yake. Ila ndugu yake, mtu aliyekuwa akijinyima mfupa ampe mtoto wa jirani, awanyime watoto nyama kwenye matanga yake mwenyewe? Shemeji, akasema, huzuni imekuchanganya masikio, nenda kakae. Wazee wakaitikia. Mama Mwendwa akanitazama mara moja, akageuka, akaenda kukaa karibu na binti yake na kumshika mkono.

*

Wakapakua. Mwendwa alipewa ugali na mlenda. Wengine walipewa nyama, wakubwa kwa wadogo, na sikuwa na la kufanya zaidi ya kuona.

Kisha wakaniletea kichwa. Kililetwa kwenye bakuli kubwa la bati, kimepasuliwa, ubongo umo ndani na supu yake, na watu wakasimama kutazama kwa sababu hii ndiyo sehemu wanayoipenda. Hapa Nghulwi mtani hula fungu lake palepale uwanjani. Kulibeba ni wizi. Kulimwaga ni kumlaani marehemu, na hata bila hiyo laana ningemwaga wapi? Udongo ule ungekaa na ile protini, kuku wangedonoa, watoto wanacheza hapohapo kutwa. Na kama mtani akishindwa, atakachobakiza ni cha watoto. Wanakigombania kwa vicheko, kila mmoja anapata tonge la ubongo, na mama zao wanasema utawapa akili.

Watoto walishanizunguka. Walikuwa wengi, wamechuchumaa, wameshika visahani vyao vitupu, na walikuwa na adabu sana. Msichana mdogo aliye mbele kabisa, mjukuu wa Mzee Malogo, alikuwa amekwishanawa mikono, ameikunja kifuani isichafuke.

Nilihesabu nilichokuwa nacho. Kama mnyauko ninao tayari, na kwa misiba yote ile ninao, bakuli moja haliniongezei kitu. Kama kwa bahati sina, basi nitaupata hapa. Nyama ya paja waliyokula ina kidogo. Hii haina kidogo. Sikuweza kuwaokoa, niliweza kula tu.

Nikala.

Nilianza na ubongo kwa sababu ndio niliotaka uishe kwanza. Ulikuwa mtamu, Mama Mwendwa ni mpishi mzuri, aliutia ndimu na pilipili. Baada ya nusu bakuli nikapumzika kidogo, na watoto wakasogea. Nikashika tena tonge. Watu wakaanza kucheka. Mtu akasema huyu Mnyamwezi mwaka huu hajaacha hata harufu. Mwingine akasema mleteeni na pembe. Nikanyonya mifupa. Nikapangusa bakuli kwa ugali, pembeni kote, nikala na ule ugali, nikaomba maji ya moto nikasuuza bakuli na kunywa yale maji. Vicheko vikapungua kidogo hapo, watu wakaona nimezidisha, kisha mzee mmoja akasema mlafi ni mlafi, na vikarudi.

Yule msichana alikuwa bado amekunja mikono.

"Bibi," akasema, "umemaliza kabisa?"

"Nimemaliza, mwanangu."

Midomo ikamcheza. Hakulia. Aliinuka akaenda kwa mama yake, na wengine wakatawanyika na visahani vyao, na mama mmoja akaniambia, huku anacheka lakini si sana, kwamba hata utani una kiasi, angalau ungewaachia watoto. Nikamwambia Wanyamwezi hatuna kiasi. Kule mkekani Mama Mwendwa alikuwa amefunika uso kwa kanga.

Mzee Malogo ndiye aliyeniletea maji ya kunawa, kwa heshima ya mtani aliyemaliza fungu. Alikuwa ameshika jagi kwa mikono miwili, amefurahi, akanisifu kwamba ndugu yake amezikwa kweli leo, na kwamba msiba ujao nije na njaa hiyohiyo. Nikamwambia nitakuja. Nikakinga mikono juu ya beseni.

Akamimina. Maji yakaanguka pembeni ya beseni, kwenye vumbi. Akacheka, akasema pombe, akajiweka sawa, akamimina tena kwa uangalifu mkubwa, ulimi nje kidogo, na yakaanguka palepale pembeni. Watu wakacheka. Mzee umelewa mapema, wakamwambia, na yeye akacheka nao, akainua jagi mara ya tatu.

Nikaisogeza mikono yangu pembeni, nikanawa pale yalipokuwa yanaanguka.